Namba za Sefu na Isale la Kirua

Wajukuu zangu mnaofanya kazi za ofisini, hamjambo. Najua hamna muda wa kumsikiliza bibi, kwa hiyo naanza moja kwa moja na aliyenichokoza.

Mwezi uliopita nilimtembelea mjukuu wangu Neema kazini kwake, pale Rau. Ni karani kama nilivyokuwa mimi, ila yeye ana feni na kiti kinachozunguka. Nilimwomba anitafutie barua fulani. Akafungua kompyuta, na katikati ya picha za harusi ya binamu yake nikaona faili limeandikwa kwa herufi kubwa: NYWILA ZOTE. Nikamuuliza ndiyo nini hiyo.

"Ni maneno ya siri ya ofisi nzima, Bibi. Nimeyaandika hapo nisije nikayasahau."

"Na faili lenyewe lina kufuli?"

"La nini? Si liko kwenye kompyuta yangu."

Nilicheka mpaka nikaomba maji. Neema alinuna, akidhani namcheka yeye. Maskini, nilikuwa najicheka mwenyewe. Kosa lile nililifanya kabla mama yake hajazaliwa, kwa taipureta, na nililifanya kwa ustadi kuliko yeye.

Nilifanya kazi miaka mingi kwa wakili mmoja mjini Moshi, ghorofani, karibu na soko. Jina lake nitalihifadhi, maana watoto wake wapo na ni wepesi wa kukasirika. Nilianza nikiwa binti mbichi, miaka michache baada ya Azimio la Arusha, nikiwa na cheti cha uchapaji na viatu vya kuazima. Kwenye kona ya chumba cha wakili palikuwa na sefu ya chuma, ya kijani, nzito kiasi kwamba mbao za sakafu zililia ukiikaribia. Haikuwa na ufunguo. Ilikuwa na kigurudumu cha namba: unazungusha kulia, unarudi kushoto, unazungusha tena kulia, namba tatu, ndipo inakubali.

Ndani yake hamkuwa na dhahabu. Mlikuwa na karatasi, na karatasi nzito kuliko zote zilikuwa wosia. Kwa mliokulia mbali na mlima, kihamba ni shamba la nyumbani: migomba juu, kahawa chini yake, ng'ombe zizini, na makaburi ya mababu nyuma ya nyumba. Mtu anaweza kukupa koti lake, lakini akikuambia kihamba chake atakigawaje, amekupa roho yake uishike. Wazee walishuka kutoka Marangu, Kirua, Machame, wakapanda ngazi zetu wakihema, wakasema kwa sauti ya chini waliyotaka yafanyike baada yao. Mimi nilichapa. Kisha karatasi iliingia sefuni.

Aliyenifundisha kazi alikuwa karani mkuu, Mzee Anaeli wa Marangu. Alikuwa na koti moja la kijivu na kalamu tatu, na hakuna aliyewahi kumwona akiandika kwa ile ya tatu. Siku yangu ya kwanza alinipeleka nje, akaninunulia karanga kwa mama mmoja wa karibu na stendi. Nikadhani ni ukarimu. Nilipomaliza kula akaniambia nifungue ile karatasi iliyofungia karanga na kuisoma. Ilikuwa barua iliyochapwa, ya ofisi nyingine kabisa, juu ya mume na mke wanaoachana, majina yote yamo.

"Umeshiba?" akaniuliza.

"Nimeshiba, mzee."

"Na siri za watu umezijua. Basi karatasi zetu hazifungi karanga. Zinachomwa, na majivu unayavuruga."

Tangu siku hiyo nilichoma kila karatasi iliyoharibika, na kaboni pia. Ninyi kaboni hamzijui. Ni karatasi nyeusi iliyowekwa katikati ili taipureta itoe nakala, na ukiielekeza kwenye mwanga unasoma kila kilichopigwa. Makarani wengi walifunga mlango wa mbele kwa makufuli mawili na kutupa kaboni jalalani. Nasikia na vyombo vyenu vya leo vina kaboni zake, mnafuta kitu hapa, kumbe kimebaki kule. Ulizeni wanaojua.

Namba za sefu walizijua watu wawili tu, wakili na Mzee Anaeli. Wakili mwanzoni alitaka kutumia tarehe yake ya kuzaliwa. Mzee Anaeli akamwambia kwa heshima kubwa kwamba tarehe hiyo mji mzima unaijua, kwa sababu kila mwaka anatualika kula mbuzi. Zikachaguliwa namba nyingine.

Nilimuuliza Mzee Anaeli anazikumbukaje bila kuziandika. Alifikiri kidogo, akasema amezipanda kihambani kwake. Namba ya kwanza ni hatua kutoka mahali fulani mpaka mahali fulani. Ya pili ni miti ya kahawa upande fulani wa mfereji. Ya tatu iko zizini. Kila jioni akirudi nyumbani anazipitia, na namba zinabaki hai. Nikamwambia jirani anaweza kuhesabu. Akatabasamu.

"Ahesabu. Ataanzia wapi?"

Hiyo ndiyo elimu kubwa niliyopata katika kazi hii, na nilipoipata sikuitumia.

Mwaka fulani Mzee Anaeli alishikwa na vichomi. Asubuhi aliyokwenda kulazwa alipita ofisini kwanza, akikohoa mpaka anashika meza. Wakili alikuwa safarini Arusha. Mzee aliniinamia akanitajia zile namba tatu mara mbili, ili wakili akihitaji hati na yeye amesahau, kama ilivyokuwa kawaida yake, nimsaidie. Akasema, "Zikae kichwani, Ndeshi. Kichwani tu."

Zikakaa kichwani kwa muda wa robo saa. Kisha nikaanza kuogopa. Ilikuwa thelathini na mbili au ishirini na tatu? Nikiamka kesho zimepotea itakuwaje? Nami nilikuwa mwanafunzi mzuri wa masista walionifundisha uchapaji: kila jambo la ofisi lina faili lake, kila faili lina namba yake kwenye rejista, kila barua ina nakala. Nikaweka karatasi na kaboni kwenye taipureta, nikachapa. Nikachukua jalada jipya, nikaliandika jina kwa wino: NAMBA ZA KUFUNGULIA SEFU. Nikaliingiza kwenye rejista, herufi N, kabati la pili, droo ya tatu. Nakala nikaiweka kwenye faili la nakala, panapowekwa nakala. Kaboni nikaichoma, maana nilikuwa nimefundishwa. Kisha nikalala usingizi mzuri sana, karani asiye na wasiwasi.

Msinicheke peke yangu. Mchekeni na Neema.

Wakili alileta karani wa muda kushika nafasi ya mzee. Mtu mzima, mpole, shingo imekazwa tai, mwenyeji wa Kirua Vunjo. Kazi yake ilikuwa kutafuta mafaili, na mtu anayetafuta mafaili husoma rejista. Alisoma mpaka N. Sidhani alikuja na nia mbaya. Naamini aliona mlango umeandikwa "fungua hapa", siku moja tukiwa tumekwenda kula, akafungua.

Sasa, humo ndani mlikuwa na wosia wa Mzee Ndemasi, wa kijiji kile kile cha karani huyo, na kwa bahati mbaya haukuwa umefungwa. Kwa kawaida wosia uliingia kwenye bahasha na kupigwa muhuri wa lakiri, ile nta nyekundu, lakini miaka ile lakiri iliadimika kama sabuni. Bahasha ilikuwa inangoja, mdomo wazi.

Mzee Ndemasi alikuwa na wana wa kiume na binti mmoja, Manka. Manka aliolewa, mume akafariki, wakwe wakamrudisha kwao na begi moja. Akajengewa chumba nyuma ya zizi. Alikata majani ya ng'ombe, alichuma kahawa, alimpikia baba yake mtori, supu laini ya ndizi, meno yalipopungua. Kwa desturi ya kwetu siku zile kihamba kilikuwa cha wana wa kiume, na binti aliyerudi aliishi kwa huruma ya kaka. Mzee Ndemasi hakutaka Manka aishi kwa huruma ya mtu. Alipanda ngazi zetu, akakaa dakika nzima akitafuta pumzi, akasema: sehemu ya chini, kuanzia mfereji hadi mparachichi, ni ya Manka, na asiondolewe. Kisha akaniomba mimi, si wakili, mimi niliyekuwa nachapa, isijulikane mpaka afe. Wakijua angali hai watamzonga, naye ni mzee, huenda akachoka na kukubali. Nikamwambia, "Usiwe na hofu, babu." Kwa mdomo huu huu.

Karani wa muda alisimulia aliyoyasoma penye kibuyu cha mbege, pombe yetu ya ndizi. Baada ya wiki mbili mtoto wa kwanza wa mzee, Elirehema, alisimama mbele ya meza yangu, kofia mkononi, macho mekundu. Hakupaza sauti.

"Nimekuja kufuta ile karatasi ya baba."

"Karatasi gani, kaka?"

"Ile inayosema kuanzia mfereji hadi mparachichi."

 Yale yalikuwa maneno yangu, niliyoyachapa mimi, koma ikiwa mahali pake. Akasema ukoo umeshakaa, baba ameambiwa atie kidole gumba kwenye karatasi nyingine, na Manka ameambiwa afungashe kabla ya mavuno. Baba bado hajatia kidole. 

Jioni ile wakili alimwita Mzee Anaeli, aliyekuwa amerudi kazini juma lile lile, koti limempwaya kwa ugonjwa. Mlango haukufungwa vizuri. Nilimsikia wakili akisema, "Namba tunazijua wawili, Anaeli. Mimi sijasema."  Nilingoja mzee aseme, nilimpa Ndeshi. Ilikuwa kweli, na ingemwokoa. Hakusema. Alisema tu, "Nimesikia, bwana," akatoka, akapita mbele ya meza yangu, akaniuliza kama nimekula.

Ningependa kuwaambia kwamba niliinuka palepale. Nilinyamaza siku mbili. Nilikuwa na mama mgonjwa na wadogo zangu shuleni, nikawafanya wao kuwa sababu. Siku ya tatu nilimwona Mzee Anaeli akikusanya kalamu zake mezani, zote tatu, akizifunga kwa leso. Hapo nilishindwa. Nikafungua kabati la pili, droo ya tatu, nikachukua lile jalada na rejista, nikaingia kwa wakili bila kubisha hodi.

Aliyasoma maandishi ya juu kwa sauti, polepole: "Namba za kufungulia sefu." Akafungua rejista, akaona N. 

"Na nakala umeweka wapi?"

"Kwenye faili la nakala, bwana."

"Bila shaka," akasema.

Nilingoja kufukuzwa. Wakili alimwita Mzee Anaeli, akamwomba radhi mbele yangu, jambo ambalo kwa mawakili ni zito kuliko kulipa. Mzee naye akakiri kwamba alinipa namba bila ruhusa. Karani wa muda hakuwahi kurudi, hata mwavuli wake ulibaki. Kuhusu mimi wakili alisema, "Aliyeibiwa si mimi. Nenda kwanza kwa mwenye siri yake, kisha uje tuzungumze."

Kwetu huwezi kwenda kuomba msamaha mikono mitupu, wala peke yako. Unakwenda na mtu wa kukusemea, na unabeba jani la isale. Isale ni ule mmea wa majani marefu mnaouona kwenye mipaka ya vihamba na juu ya makaburi. Ukimpelekea mtu jani lake umemwambia kila kitu, naye akilipokea hawezi tena kukufukuza. Mzee Anaeli alisema atanisemea yeye. Aliniagiza nichume jani moja tu, nilifunge fundo.

Jumapili baada ya ibada tulipanda basi mpaka Uchira, tukaanza kukwea kwa miguu kwenda Kirua, yeye akipumzika kila kona kwa ajili ya kifua chake. Alipoona nilichobeba alisimama.

"Nilisema jani."

"Nilikuwa naharakisha, mzee. Lilitoka lote."

Nilikuwa nimevunja shina zima, refu kama mkono, majani yote juu yake. Alicheka hadi kikohozi kikamrudia. "Kosa lako ni kubwa," akasema, "labda ndiyo kipimo chake."

Mzee Ndemasi alikuwa ameketi kwenye kigoda mlangoni pa zizi. Elirehema alikuwepo, na Manka alikuwa anaosha kibuyu cha maziwa, ametupa mgongo. Begi lake lilikuwa mlangoni pa chumba chake, limeshafungwa. Lile begi ndilo lililonitoa machozi, si jingine.

"Shikamoo babu."

"Marahaba. Ni yule mchapaji."

Mzee Anaeli alinisemea vizuri, kwa Kichagga cha taratibu. Alieleza yote, jalada, rejista, droo, bila kupunguza. Kisha nikapiga magoti, nikainua lile shina kwa mikono miwili. Mzee Ndemasi alilitazama bila kulipokea.

"Nilikupa siri uitunze," akasema. "Nawe uliitunza. Uliitunza vizuri mno, ukaiweka mahali ambapo kila mtu ataipata."

"Ndiyo, babu. Nisamehe."

Alinyoosha mkono akachukua. Nikapumua. Lakini hakuliweka chini kama wafanyavyo wengine. Alijiinua, akashika fimbo, akateremka polepole katikati ya migomba hadi kwenye mfereji. Sote tukamfuata. Alipofika alikanyaga udongo mbichi wa ukingoni kwa kisigino, akafanya shimo, akalichomeka lile shina langu, akalikandamiza.

Mnajua isale halihitaji mizizi. Ukilichomeka kwenye udongo wenye maji, linashika. Na mnajua isale lililopandwa kwenye mstari maana yake nini, hakuna mtu mlimani asiyejua. Ni mpaka.

"Baba," Elirehema alisema, "watu watatucheka."

"Wana wiki mbili wanacheka. Nilitaka kusema nikiwa nimekufa, kwa sababu niliwaogopa. Sasa mmeshajua, na mimi bado nipo. Basi nitasema kwa mdomo wangu. Hapa mpaka kwenye mparachichi ni kwa Manka." Akamnyooshea mwanawe panga. "Kakate masale mengine. Na usinigombeze, nimepokea isale. Leo nyumbani kwangu hakuna ugomvi."

 Elirehema alitazama lile panga, akamtazama dada yake. Kisha akalichukua, akakwea hadi kwenye uzio wa zamani wa masale, na tukasikia akikata. Alipanda mstari mzima, na la mwisho alilinyoosha kwa mguu lilipokuwa limepinda. Manka alienda kufungua begi.

Wakili hakunifukuza. Alinikabidhi kazi ya sefu, akasema mtu aliyeungua huangalia moto vizuri. Tulibadilisha namba siku ileile, na baada ya hapo kila karani alipoondoka tulizibadilisha, hata aliyeondoka kwa wema na keki. Na kwa ajili ya siku tutakapokufa au kusahau, maana kichwa nacho huzeeka, tuliandika namba mara moja tu, kwa mkono, bila kichwa cha habari, ndani ya bahasha iliyosainiwa juu ya mdomo wake na kufungwa kwa lakiri, ikatunzwa na mtu wa ofisi nyingine asiyejua ni ya nini. Kila mwezi nilikwenda kuitazama kama muhuri haujaguswa. Kuandika si dhambi, wanangu. Kuandika wazi na kuweka kibao ndiyo dhambi.

Nilimweleza Neema haya yote. Alinisikiliza, akafanya mambo yake kwenye kompyuta, akasema sasa maneno yale yako ndani ya kitu kinachofungwa kwa neno moja kubwa, na hilo moja halijaandikwa popote. Nikamwambia ndiyo sefu hiyo. Akaniuliza neno kubwa la aina gani huwezi kulisahau. Nikamwambia alipande mahali anapopapenda, na asimwambie mtu anaanzia wapi.

Mimi neno langu la siri liko Kirua. Mzee Ndemasi alizikwa zamani, na ule wosia ulipofunguliwa haukuwa na jipya hata kwa watoto. Yale masale yamenenepa, yamekuwa ukuta, na Manka, ambaye sasa ni bibi kama mimi, bado anachuma kahawa upande wake. Nikienda kumwona hunikuta nimesimama kwenye mfereji, midomo inacheza. Huniuliza nafanya nini pale kila mara. Namwambia nasali, na huo si uongo sana.